Senti zilikufa, desimali zikabaki yatima

Utepe wa kupimia mkono wa mtoto una rangi tatu. Mhudumu wa afya nyanjani huuzungusha kwenye mkono wa kushoto, katikati ya bega na kiwiko, kisha husoma. Chini ya sentimita 11.5 ni nyekundu: mtoto huyo ana utapiamlo mkali na asicheleweshwe nyumbani. Kati ya 11.5 na 12.5 ni manjano. Zaidi ya hapo ni kijani, na mama anapumua. Huko Mutomo, Ikutha na Kyuso, kaunti ya Kitui, ambako mvua za vuli zikikataa kila mtu anajua mwaka mpya utaingia na nini, utepe huo si kitu kigeni.

Pale kwenye utepe, rangi humwelekeza mhudumu. Kwenye daftari hakuna rangi. Huko zinaandikwa tarakimu, na mtu mwingine atazisoma, atazijumlisha na kuzipeleka mbele, kwa wanaofuatilia hali ya ukame katika kaunti 23 kame na nusu-kame, Kitui na Makueni zikiwamo. Kati ya 11.4 na 11.5 kuna milimita moja tu. Milimita hiyo ndiyo mpaka wa rangi nyekundu na manjano.

Nimeanza na utepe kwa sababu wengi wetu tukisikia desimali tunafikiria mtihani. Tuangalie basi hatimiliki ya shamba. Watu wa Wote, Mwingi na Kitui mjini hununua ardhi kwa ekari, nusu ekari, robo ekari, au ile ploti ya hamsini kwa mia, yaani futi 50 kwa futi 100. Hati ikitoka, imeandikwa hekta. Robo ekari ni takriban hekta 0.1. Hamsini kwa mia ni takriban hekta 0.046. Ziweke hati mbili mezani mbele ya ndugu wawili wanaogawana urithi, uulize nani amepata kikubwa. Aliyezoea kusoma tarakimu zilizo nyuma ya nukta kama namba nzima ataona 46 upande mmoja na 1 upande wa pili, na atajibu bila wasiwasi. Amekosea. Robo ekari ni zaidi ya mara mbili ya ploti hiyo.

Au tuikumbuke Machi 2013. Uhuru Kenyatta alitangazwa mshindi wa urais kwa asilimia 50.07 ya kura zilizopigwa. Ile sifuri iliyo kati ya nukta na saba ilibeba mambo makubwa. Kwa kura milioni 12 na ushei zilizopigwa, asilimia 0.07 juu ya nusu ni kura elfu nane na mia kadhaa. Kama ingekuwa 50.7, tungekuwa tunazungumzia kura zaidi ya elfu themanini. Kesi iliyofuata katika Mahakama ya Juu iligusa hesabu hizo hizo, na nchi nzima ilizisikia redioni na kuzisoma magazetini. Najiuliza ni wangapi kati yetu waliosikia tofauti ya 50.07 na 50.7 kama walivyosikia tofauti ya elfu nane na elfu themanini.

Nisemalo ni hili. Tunawafundisha watoto desimali bila kuwapa kitu cha kupima, na tunawafundisha sehemu bila kuwaambia kwamba sehemu nayo ni namba. Kanuni wanazikariri: panga nukta kwa nukta, sogeza nukta nafasi mbili, tafuta asili ya pamoja. Nyingine zinawavusha kwenye zoezi la Ijumaa. Lakini hazimwambii mtoto hata mara moja 0.4 ni kiasi gani.

Zamani mwalimu wa kwanza wa desimali alikuwa sarafu. Wazee waliosoma Ukambani kabla ya uhuru wanazikumbuka senti za Afrika Mashariki zenye tundu katikati. Senti mia zilifanya shilingi, na mtoto aliyetumwa dukani alirudi na chenji ya senti mkononi. Kenya ilipotoa sarafu zake mwaka 1966, senti ziliendelea kuwapo: tano, kumi, ishirini na tano, hamsini. Ile ya hamsini tuliiita sumuni. Kisha bei zikapanda na senti zikaishiwa na kazi. Benki Kuu ilipozindua sarafu mpya Desemba 2018, zilikuwa za shilingi 1, 5, 10 na 20. Ya senti haikuwamo.

Mtoto wa Kibwezi atakayeingia Gredi ya 4 leo huenda hajawahi kushika senti maishani mwake. Anachokiona ni ujumbe wa M-Pesa kwenye simu ya mama: Ksh150.00. Sifuri mbili, kila siku, kwa kila kiasi. Amejifunza peke yake, bila mwalimu, kwamba kinachofuata nukta ni pambo. Akipita kwenye kituo cha mafuta huenda akaona bei yenye senti, kwa kuwa mamlaka ya kawi na petroli hutangaza bei mpya kila tarehe 14 ya mwezi na huziandika hadi senti ya mwisho. Oktoba 2023 lita ya petroli Nairobi ilifika 217.36. Lakini hakuna mtu anayerudishiwa hizo senti 64 zinazobaki.

Niseme wazi kwamba hata senti zingefufuka leo, singetaka zirudi kufundisha desimali. Pesa ni mwalimu mbaya wa somo hili. Ukimwambia mtoto kwamba 3.50 ni shilingi tatu na senti hamsini, umempa namba mbili nzima zilizotenganishwa na nukta, shilingi huku na senti kule. Ataielewa 3.50 vizuri kabisa na atashindwa na 3.5, kwa kuwa ataisoma shilingi tatu na senti tano. Na 3.125 haitakuwa na maana yoyote kwake, maana pesa huishia nafasi mbili. Namba za kweli haziishii hapo. Ndengu kwenye mizani ya kidijitali haziishii hapo. Mizani ya duka la nyama humwonyesha mteja wa robo kilo 0.250, na mteja wa nusu kilo 0.500. Siku mtu akiandika nusu hiyo kwa kifupi, 0.5, kando ya 0.250, mtoto wa senti atasema robo ni kubwa kuliko nusu.

Mtoto huyo si mjinga. Anafuata mantiki iliyomfaa miaka mitatu mizima: kwenye namba nzima, yenye tarakimu nyingi ndiyo kubwa. 250 imezidi 5 daima. Hakuna aliyemwambia kwamba akivuka nukta utaratibu unabadilika.

Hapa nataka tukae kidogo, kwa sababu ndipo walimu wengi wazuri wanapodanganywa na alama ya vema. Kaye Stacey na Vicki Steinle wa Chuo Kikuu cha Melbourne, Australia, walitumia miaka mingi wakiwauliza wanafunzi swali moja kwa sura nyingi: kati ya desimali hizi mbili, ipi kubwa? Waligundua kwamba wanaokosea hawakosei ovyo. Wapo wanaodhani ndefu ndiyo kubwa. Wapo pia wanaodhani fupi ndiyo kubwa, na hawa wamekwishasikia kwamba sehemu ya mia ni ndogo kuliko sehemu ya kumi, wakahitimisha kwamba chochote chenye sehemu za mia lazima kiwe kidogo.

Sasa fikiria mwalimu wa Gredi ya 5 anaandika ubaoni 0.4 na 0.73. Mtoto wa “ndefu ndiyo kubwa” anachagua 0.73, anapata vema. Mwalimu anaandika 0.6 na 0.45. Mtoto wa “fupi ndiyo kubwa” anachagua 0.6, naye anapata vema. Wote wawili wamepata, na hakuna hata mmoja aliyejua anachokifanya. Mwalimu akitoa jozi za aina moja tu, darasa zima litaonekana limeelewa. Akizichanganya, atajua nani anaumwa wapi, na ataona kwamba watoto hawa wawili hawahitaji somo moja. Wa kwanza anahitaji kuona kwamba nafasi baada ya nukta zina vyeo vyake. Wa pili anavijua vyeo, ila hajaona kwamba sehemu saba za kumi pamoja na sehemu tatu za mia zinafanya kitu kimoja.

Nusu ya tatizo iko midomoni mwetu. Tunasoma 0.45 kwa sauti kama “nukta arobaini na tano”, shuleni na redioni, kisha tunashangaa watoto wakiona arobaini na tano. Ingetugharimu nini kusoma “nukta nne tano” na, kwa miezi ya mwanzo, kuongeza “yaani sehemu nne za kumi na sehemu tano za mia”?

Sehemu nazo zina masaibu yake. Kabla ya Gredi ya 4 mtoto amekwishakutana na nusu na robo, karibu zote zikiwa za chungwa au chapati. Picha ya chapati inasaidia kwa wiki mbili. Baadaye inamfunga mtoto, kwa sababu anabaki akiamini kwamba robo tatu ni kipande cha chakula, wala si namba inayokaa mahali fulani kati ya 0 na 1. Muulize robo tatu ya chapati, atakuchorea. Muulize robo tatu iko wapi kwenye rula, atakutazama.

Katika shule ya mtoto huyo, mwalimu wa Kiswahili anawafundisha watoto akisami, yaani majina ya sehemu: nusu, thuluthi, robo, humusi, sudusi, subui, thumuni, tusui, ushuri. Wanaziimba. Wakitoka hapo wanaingia somo la hisabati, wanaandika 0.1, na hakuna anayewaambia kwamba hiyo ndiyo ushuri waliyoiimba asubuhi. Masomo mawili, namba moja, na baina yao ukuta wa matofali.

Asije mtu akasema hili ni tatizo la watoto wa Ukambani au la shule maskini. Mwaka 1978 wanafunzi wa Marekani wenye umri wa miaka 13 waliulizwa wakadirie jumla ya 12/13 na 7/8, bila kupiga hesabu kamili. Majibu ya kuchagua yalikuwa 1, 2, 19 na 21. Kila sehemu kati ya hizo mbili inakaribia 1, kwa hiyo jibu ni 2. Walioliona ni asilimia 24. Wengi zaidi walichagua 19 au 21: walijumlisha viasi, namba za juu, au walijumlisha asili, namba za chini, wakaridhika. Mwaka 2012, Robert Siegler na wenzake walichapisha uchunguzi uliofuata watoto wa Uingereza na Marekani, wakaonyesha kwamba ufahamu wa sehemu na wa kugawanya mtoto akiwa na miaka kumi hivi hutabiri uwezo wake wa aljebra na hisabati ya sekondari, hata baada ya kuzingatia akili yake na kipato cha wazazi. Kwa maneno mengine, mtoto tunayemwacha nyuma Gredi ya 5 hatumpotezi kwenye sehemu peke yake.

Na sehemu si jambo la darasani tu katika nchi hii. Katiba ya 2010 inataka watu wa jinsia moja wasizidi theluthi mbili katika vyombo vya kuchaguliwa. Bunge la Kitaifa lina wabunge 349, Spika kando. Theluthi moja yake ni 116.33, na tatu hizo za mwisho haziishi kamwe. Ndiyo maana tunasikia kwamba wanawake 117 ndio wanaohitajika: hakuna theluthi ya mbunge, na 116 hawatoshi. Mtoto wa Gredi ya 6 anaweza kuielewa hoja hiyo yote, akaona kwa nini desimali nyingine hukatika na nyingine hukimbia bila kikomo, kama mtu atamketisha na kumwonyesha.

Desimali zilizaliwa kwa ajili ya kupima. Mwanahisabati Al-Uqlidisi aliziandika Dameski karibu mwaka 952. Aliyezieneza Ulaya ni Simon Stevin wa Bruges, mwaka 1585, katika kijitabu kilichowalenga wanajimu, wapima ardhi, wapima nguo na wapima mvinyo. Stevin hakutumia nukta. Kando ya kila tarakimu aliandika cheo chake ndani ya kiduara: hii ni ya sehemu za kumi, hii ya sehemu za mia, hii ya sehemu za elfu. Sisi tumeviondoa vyeo hivyo tukabakiza nukta, na tunamtarajia mtoto wa miaka tisa avikumbuke kichwani kuanzia siku ya kwanza.

Basi tuvirudishe, kwa vitu tulivyo navyo. Mkonge haujaadimika Makueni wala Kitui, na wapo mama na nyanya wengi wanaojua kuusokota. Kila meza ya Gredi ya 4 iwe na kamba ya mita moja, ifungwe fundo kila sentimita kumi. Watoto wapime dawati: mita moja na mafundo matatu, waandike 1.3. Wapime dirisha: mita moja, mafundo mawili, na nusu ya fundo linalofuata. Sasa wanahitaji kitu kidogo zaidi, wanachukua rula, wanapata sentimita tano, wanaandika 1.25. Hapo mwalimu aulize ipi kubwa, 1.3 au 1.25. Hakuna haja ya kanuni. Dawati limezidi dirisha na kila mtu ameliona. Wakikutana na kitu kilichozidi mita kwa sentimita tano tu, watajua wenyewe kwa nini sifuri lazima ikae pale katika 1.05: fundo halikufikiwa.

Kazi hii inachukua majuma, najua. Na hapo ndipo pingamizi lilipo. Mwalimu ana kitabu cha kumaliza, mzazi anahesabu kurasa zilizosahihishwa, na mwisho wa Gredi ya 6 kuna tathmini ya kitaifa, KPSEA, yenye maswali ya kuchagua jibu. Mtaala wa Umilisi, kwa haki yake, unazungumza mengi juu ya kupima na kutenda, na sina ugomvi nao hapo. Ugomvi wangu ni kwamba unaingiza desimali Gredi ya 4, mwaka ule ule ambao lugha ya kufundishia inageuka. Gredi ya 1 hadi ya 3 mtoto wa Mutitu alifundishwa kwa lugha ya eneo lake. Gredi ya 4 anahamia Kiingereza, na namba yenye sura ngeni kabisa inamngoja mlangoni. Mwalimu anayesimama hapo kwa dakika ishirini akaeleza sehemu ya kumi kwa Kikamba, kamba mkononi, hajavunja kitu chochote chenye thamani. Wakaguzi na walimu wakuu wamwache afanye hivyo.

Mijadala yetu mikubwa ya elimu haiwasaidii walimu hawa. Majaribio ya mradi wa Uwezo, yaliyoanza nchini mwaka 2009 na kutufungua macho, yalipima kiwango cha darasa la 2: kutambua namba, kujumlisha, kutoa, kuzidisha, kugawanya. Ilikuwa sahihi kuanza hapo. Lakini tumezoea kugombana juu ya kiwango hicho, na ngazi inayofuata, ambayo ndiyo huwaangusha watoto wanaojua kujumlisha vizuri kabisa, haitajwi. Sijasikia mwanasiasa hata mmoja akiuliza ni watoto wangapi wa Gredi ya 6 Kathonzweni wanaojua kwamba 0.6 imezidi 0.45.

Swali hilo halihitaji utafiti wa mamilioni. Jozi nne ubaoni, siku ya kwanza ya muhula: 0.6 na 0.45, 0.4 na 0.73, 2.05 na 2.5, 0.5 na 0.50. Ile ya mwisho ni ya kuwakamata wasioamini kwamba mbili zinaweza kuwa sawa. Dakika kumi zinatosha. Afisa wa mitaala wa kila zoni akusanye karatasi, ahesabu nani alikosea jozi zipi, na mwalimu arudishiwe majibu wiki hiyo hiyo, si mwaka ujao.

Serikali za kaunti zitasema shule za msingi si zao, na kikatiba ni kweli: zao ni chekechea na vyuo vya ufundi vya vijijini. Lakini ni katika vyuo hivyo ambamo pengo hili hutua mwishowe. Anayefundisha ushonaji hawezi kukata kitambaa cha mita 2.75 na mwanafunzi asiyejua kwamba hiyo ni mita mbili na robo tatu. Anayefundisha uashi hawezi kumwachia simenti mwanafunzi asiyejua nusu ya robo. Wakufunzi hao huanza upya, kwa futi kamba na mbao, kazi iliyopaswa kumalizika Gredi ya 6, na wengi wao wanaifanya vizuri. Kitui na Makueni zinawalipa tayari. Ziwatume, asubuhi moja kwa wiki, katika shule ya msingi iliyo karibu na chuo, waingie Gredi ya 4 na futi kamba zao, na mwalimu wa hisabati akae pembeni yao darasani, si ofisini.